Muulize Shangazi: Mtoto anapokufa maji hapigi kelele

Toleo lililopita niliwauliza swali moja tu, nani kati yenu amewahi kumtoa mtoto kwenye maji, akiwa hai au akiwa amekwenda. Jamani sikutegemea barua na meseji zitakuja nyingi hivi. Nimefanya kazi wodi ya watoto miaka mingi kabla ya kustaafu kwa hiyo haya mambo siyasomi gazetini tu, nimeyaona, na kuna barua nyingine nimeisoma nikaiweka pembeni nikaenda kukaa nje kwanza. Nimechagua sita, wengine nimewajibu wenyewe kwa simu.

Shikamoo Shangazi. Mwezi uliopita mtoto wa jirani yangu, mwaka mmoja na miezi minne, amefariki kwenye ndoo ya kufulia. Ndoo Shangazi! Na maji hayakufika hata nusu. Mama yake alikuwa anaanika nguo upande wa pili wa nyumba, anasema hakusikia chochote, sasa huku mtaani maneno yameanza eti mtoto hawezi kufa kimya kimya hivyo lazima kuna kitu. Mimi nina wa miaka miwili. Inawezekanaje? (Mama wa Mbagala)

Marahaba mwanangu, na mfikishie jirani yako pole zangu. Halafu hao wanaosema maneno waambie waache leo leo, kwa sababu mama huyo anasema kweli tupu.

Sisi sote tumekua tunasikia mfa maji haachi kutapatapa, na hiyo methali imetuharibia kabisa picha. Tunasubiri kelele, tunasubiri maji yaruke, mtoto aite mama. Mtoto mdogo hafanyi hivyo. Mdomo ukiwa ndani ya maji hakuna pumzi ya kulilia, akiutoa kidogo juu anavuta hewa tu, sauti haina nafasi. Na hata mkubwa wa miaka kumi akiwa baharini anazama akiwa wima, kichwa kimelala nyuma, mdomo usawa wa maji, mikono anaibonyeza pembeni kama anayetaka kupanda ngazi, ukimwangalia kwa mbali unadhani anacheza. Sekunde ishirini, au dakika moja, basi.

Sasa ndoo. Mtoto wa mwaka mmoja kichwa ni kizito ukilinganisha na mwili wake, na miguu na mikono haina nguvu. Anasimama anashika ukingo wa ndoo anachungulia, labda ameona kikombe ndani au kivuli chake, anainama, kichwa kinamvuta anaingia kichwa chini miguu juu. Wewe ungejisukuma ukatoka, yeye hawezi. Na ndoo yenye maji haipinduki, ule uzito wa maji ndio unaishikilia imesimama. Hapo hatuhitaji kina, sentimita chache za maji zikishafunika pua na mdomo zinatosha, na ubongo ukikosa oksijeni kama dakika nne tano unaanza kuharibika. Hakuna mkono wa mtu hapo mwanangu.

Ripoti ya Shirika la Afya Duniani iliyotoka Desemba 2024 inasema mwaka 2021 watu kama 300,000 duniani walikufa maji, na karibu robo yao walikuwa watoto chini ya miaka mitano. Zaidi ya asilimia 90 ya vifo hivyo ni nchi kama zetu za kipato cha chini na cha kati. Wengi tukisikia kufa maji akili inakwenda baharini, kwenye meli, tunakumbuka MV Bukoba 1996 au MV Nyerere 2018, na ni haki yetu kuzikumbuka. Lakini hawa wa mwaka mmoja mpaka minne wanakufia nyumbani au hatua chache kutoka mlangoni, kwenye maji ambayo wewe mwenyewe umeyateka.

Na kwetu Dar maji ni ya mgao, yakitoka unajaza kila chombo, diaba, pipa, ndoo za rangi, halafu chini kuna tangi la kuchimbia. Mimi hilo tangi la chini ndilo linanikosesha usingizi. Mfuniko wa bati umewekewa tofali juu, siku ya kuchota tofali linasogezwa, pampu ikisumbua fundi anaacha wazi anakwenda kutafuta spea. Mtoto wangu mwenyewe wa pili, sasa ni baba wa watu, nilimkuta ameketi kwenye ukingo wa tangi miguu inaning'inia ndani, na mimi wakati huo tayari ni nesi, najua kila kitu. Nilikuwa nimeingia ndani kuchukua chumvi. Chumvi tu! Mpaka leo ninapoandika hapa mikono inaingia baridi.

Kwa hiyo fanya hivi, na ufanye leo usisubiri wikendi. Ukimaliza kufua mwaga maji na uigeuze ndoo kifudifudi. Ya kuhifadhi yawe kwenye chombo chenye mfuniko wa kukaza, na kiwe chumba ambacho mlango unafungwa kwa komeo la juu. Tangi la chini libadilishiwe mfuniko, uwe wa chuma wenye bawaba na kufuli, na ufunguo ukae kwa mtu mzima. Karo la choo nalo vilevile, mvua zikinyesha mifuniko ya zege inatitia. Kama ni nyumba ya kupanga nendeni kwa mwenye nyumba wapangaji wote kwa pamoja, akisema hana hela changeni, kufuli haifiki bei ya sare ya msiba.

Shangazi habari. Mimi ni baba wa watoto wanne, nakaa Kigamboni. Kila Idd watoto wa ukoo wanakusanyika kwangu kama kumi na tano hivi na wanataka baharini. Mke wangu anasema tuwakataze kabisa. Mi naona ukiwakataza watatoroka. Tufanyeje?

Nzuri baba. Wewe na mkeo wote mna hoja, ila ngoja nikueleze kitu ambacho wavuvi wa hapo kwenu wanakijua na sisi wa mjini tumekisahau.

Idd ndogo inakuja mwezi ukiandama, si ndio? Na mwezi ukiandama ndio maji ya bamvua. Yaani sikukuu ambayo watoto wengi kuliko siku zote wanakwenda pwani ndiyo imeangukia siku ambazo bahari inakwenda mbali sana na kurudi kwa nguvu sana, tofauti ya kupwa na kujaa kwa Dar inapita mita tatu. Na saa zake zilivyo sasa! Bamvua kwa pwani yetu maji yanakupwa kama saa nne saa tano asubuhi, watoto wanafika wanakuta mchanga mtupu wanatembea mpaka kwenye mafungu ya mchanga huko mbele, maji ya magotini, kila mtu anafurahi. Mchana yanaanza kujaa taratibu, na yanapita kwanza kwenye mikondo iliyo kati ya fungu na ufukwe, kwa hiyo aliye juu ya fungu bado anaona kukavu miguuni kwake wakati njia ya kurudi imeshakuwa na kina cha kumfunika. Saa kumi saa kumi na moja jioni maji yamejaa kabisa, na saa hiyo ndiyo ufukwe umejaa watu kuliko wakati wowote, wamekula wameshiba, wakubwa wanapiga picha. Idd kubwa inakuja mwezi kumi, bamvua imeshapita, maji ni tofauti. Sisemi siku hiyo ni salama, nasema ile ndogo uiogope zaidi.

Wapeleke, lakini wewe ndiye uchague saa. Ulizia kwa wavuvi maji yanaanza kujaa saa ngapi, na yakishaanza tu watoto wote wawe upande wa nchi kavu, hakuna wa kwenda kwenye fungu. Watoto kumi na tano wanataka watu wazima wanne au zaidi, na nikisema mtu mzima namaanisha mtu ambaye hajanywa na simu iko mfukoni. Mpeane zamu kwa jina, "saa hii ni zamu ya fulani", kwa sababu familia kubwa inadanganya, wakubwa kumi wamekaa pale na kila mmoja anajua mwenzake anaangalia. Watoto wengi niliowaona mimi walikufa watu wakiwepo. Wale wa chini ya miaka mitano uwe umbali wa mkono wako kumfikia, si umbali wa macho. Wavalisheni fulana za rangi kali, chungwa au njano, bluu na nyeupe ndani ya maji hazionekani.

Yale matairi ya kukodi na maboya ya kupuliza ni vitu vya kuchezea tu baba, upepo wa kutoka bara unayasukuma nje na mtoto akiwa juu, akishituka anashuka, na hapo ni kina. Na mfundisheni huyo wa miaka kumi na kuendelea, mkondo ukimvuta asishindane nao kurudi moja kwa moja ufukweni atachoka, alale chali aelee kwanza apumue, anyanyue mkono aite, na kama anaweza aogelee kwa ubavu sambamba na ufukwe mpaka atoke kwenye mkondo ndipo arudi.

Mwanangu, mimi ni bibi niko Ukerewe. Nalea wajukuu, mmoja ana kifafa. Hapa kwetu kuna sehemu ya ziwa kila mwaka linachukua mtu, wazee wanasema linadai. Namwogopea sana huyu wa kifafa. Nimeandikiwa na mjukuu mkubwa.

Shikamoo bibi. Ahsante kwa kuniandikia na mshukuru mwandishi wako, hati nzuri sana.

Bibi sitabishana na wazee, ila naomba siku moja uende pale mahali na mvuvi mzoefu mwenye mti mrefu, mpime. Nimezungumza na watu wa kanda ya ziwa wengi na kila "linapodai" nikiuliza vizuri nasikia yale yale, wamechimba mchanga wa kujengea pakabaki shimo, au ukingo unakatika ghafla hatua moja ni magoti hatua ya pili ni kichwa, au ndipo watoto wanapotumwa maji peke yao. Palipo na shimo leo na mwaka kesho patakuwa na shimo, ndiyo maana linachukua palepale. Mkishapajua wekeni miti na kamba, pakatazwe kuteka na kuoga, mwenyekiti wa kitongoji asimamie. Na jambo jingine nalisema kwa heshima, mtu akizama watu wasisimame kungoja ruhusa ya mzee yeyote.

Kuhusu mjukuu wa kifafa, hofu yako ni ya kweli kabisa bibi. Mwenye kifafa yuko kwenye hatari ya kufa maji mara nyingi zaidi ya mwenzake, kwa sababu kikimshika ndani ya maji hata kama anajua kuogelea hakuna cha kumsaidia. Yeye asiteke maji ziwani, apewe kazi nyingine, na asioge ziwani wala asiende kwenye mtumbwi bila jaketi okozi na mtu wa kumshika. Aogee nyumbani kwa ndoo ya maji machache na kata, akiwa amekaa, mlango usifungwe kwa ndani. Na dawa zake asikose hata siku moja, kituo cha afya wakisema zimeisha uliza zinakuja lini na wapi pengine zipo, usisubiri mpaka kifafa kirudi. Kikimshika ndani ya maji mshikeni kichwa kiwe juu mpaka kitulie, mtoeni, muone kama anapumua, na mpelekeni zahanati hata akiamka vizuri. Povu lake haliambukizi bibi, watu wasiogope kumgusa. Nalirudia hilo kwa sababu kuna watoto wameachwa majini kwa kuogopwa povu.

Shangazi mambo, mi ni bodaboda Shinyanga. Kuna mashimo walichimba kifusi cha barabara yakajaa maji ya mvua, nikapita nikakuta watoto wanalia mwenzao kazama. Niliingia nikamtoa, watu wakamchukua wakamgeuza miguu juu wakamzungusha na mwingine akawa anamkanyaga tumbo maji yatoke. Hakupona. Kila siku nawaza tulikosea wapi.

Mwanangu. Kwanza kabisa uliingia kumtoa mtoto usiyemjua, hilo hakuna wa kukunyang'anya. Sijui alikuwa ndani dakika ngapi na huenda hakuna ambacho kingemrudisha, kwa hiyo huo mzigo wa kila siku uupunguze.

Lakini kumgeuza na kumkanyaga tumbo ni makosa, na nitakwambia kwa nini ili mwingine apone. Maji yanayotoka ukimgeuza ni ya tumboni zaidi, hayo hayamuui. Kinachomuua ni kukosa hewa, na kila dakika ya kumzungusha ni dakika hapumui. Ukibonyeza tumbo matapishi yanapanda yanaingia kwenye mapafu, umeongeza tatizo.

Afanyiwe hivi. Mlaze chali mahali pagumu. Mwite, mtikise bega, angalia kifua kama kinapanda, usizidishe sekunde kumi. Kama hapumui sawasawa inamisha kichwa nyuma kidogo, nyanyua kidevu, mbane pua, funika mdomo wake kwa mdomo wako umpulizie mara tano, pumzi za taratibu mpaka uone kifua kinanyanyuka. Mtoto mchanga unafunika mdomo na pua kwa pamoja na pumzi ni ndogo. Aliyekufa maji anaanza na hewa, hilo ndilo tofauti na mzee aliyeanguka moyo. Akiwa bado, weka kiganja katikati ya kifua bonyeza kwa nguvu mara thelathini, kishuke theluthi moja ya unene wa kifua, kasi karibu mara mbili kwa sekunde, halafu pumzi mbili, tena thelathini, tena mbili. Mtoto mchanga unamzungushia mikono kifuani unabonyeza kwa vidole gumba viwili. Endeleeni mkipokezana mpaka apumue au mpaka wahudumu wafike. Akitapika mgeuze ubavu, safisha mdomo, endelea. Povu likitoka puani usipoteze muda kulifuta. Akipumua mlaze ubavu, mvue nguo mbichi, mfunike kitenge, na apelekwe hospitali hata akikaa na kuomba chai, kwa sababu mapafu yaliyoingia maji yanaweza kubadilika saa chache baadaye. Wakati wewe unapuliza mwingine apige simu, Tanzania 114 ni Zimamoto na Uokoaji.

Na wewe mwokoaji pia ni mtoto wa mtu. Anayezama anashika chochote, akikushika shingo mnakwenda wote, nimewahi kupokea ndugu wawili siku moja kwa namna hiyo. Kama unaweza kumfikia kwa mti, lala chini ufukweni umpe mti. Kama yuko mbali mtupie kamba, au kanga mbili zimefungwa pamoja, au dumu tupu la lita 20 lililofungwa mfuniko, hilo linambeba hata mtu mzima. Kuingia iwe mwisho kabisa, na uingie na hilo dumu mkononi. Bodaboda mnapita kila mahali na mna mipira ya kufungia mizigo, kijiwe chenu kikiamua kuwa na kamba ya mita kumi tu kwenye kila pikipiki mtaokoa wengi. Mashimo hayo mwandikieni mtendaji wa kata kwa maandishi, mkandarasi aliyechimba ndiye afukie au aweke uzio.

Shangazi mi ni dada wa kazi. Bosi anaondoka saa kumi na moja alfajiri, naachiwa mapacha wa mwaka mmoja na nusu, nipike, nifue, nideki, na kuna bwawa la samaki uani halina uzio. Naogopa ila nikisema ntaonekana mvivu.

Sio uvivu binti yangu, hili jibu mwonyeshe bosi.

Bosi, mtu mmoja hawezi kufua na kuchunga mapacha kwa wakati mmoja, hata wewe huwezi. Bangladesh watoto wadogo walikuwa wanakufa maji asubuhi mpaka mchana mama wakiwa kwenye kazi za nyumbani, vijiji vikaanzisha vituo vya kulelea watoto saa hizo tu, mlezi mmoja na msaidizi wake, wakaona vifo vya watoto waliokuwa vituoni vinapungua zaidi ya asilimia 80. Hakuna dawa wala mashine pale, ni macho ya mtu ambaye kazi yake saa hiyo ni kuangalia tu. Weka uzio bwawani pande zote nne wenye geti linalojifunga lenyewe. Mpaka uzio uishe litoe maji yote. Na kufua kuwe jioni ukirudi, au umlipe mtu wa kufua.

Assalaam aleikum Shangazi. Niko Likoni, nina binti wa miaka minane, ataka kujifunza kuogelea na babake akataa kwa sababu ya mavazi na walimu wa kiume. (Mama wa Likoni)

Waaleikum salaam. Kaskazini ya Unguja, Nungwi, mradi unaoitwa Panje Project wamewafundisha wasichana na wanawake kuogelea, walimu wanawake, nguo za kusitiri mwili mzima, na picha zao wakiwa wamekumbatia madumu ya njano wakijifunza kuelea zimezunguka dunia. Mwonyeshe babake. Miaka minane ni umri mzuri sana, Shirika la Afya linashauri kuanzia miaka sita. Na asianze na mitindo ya mashindano, ajue kwanza kulala chali aelee nusu dakika bila kushika kitu, kisha aogelee mita 25 aina yoyote ile, kisha namna ya kumtupia mwenzake kitu badala ya kumrukia. Akishajua bado asiende peke yake.

Tafuta mama mmoja hapo mtaani anayejua kuogelea, wapo, wake wa wavuvi na waliokulia visiwani wengi wanajua. Mkusanye mabinti watano sita, mwende asubuhi siku za maji mafu, yale yasiyojaa wala kupwa sana, mahali pasipo na mkondo, maji ya kifuani mwa mtoto, mama wengine wawili wasimame upande wa kina kirefu wakiangalia nchi kavu. Dumu kila mtoto na lake, na mfuniko mkague wenyewe kabla hawajaingia.